JINA LAKO LINASEMA NINI?
Somo kuhusu majina ya watu na ya ukoo katika Migori na Homa Bay

Na Katibu wa Chama cha Kiswahili, Kidato cha Nne

Kila asubuhi mwalimu wa darasa anapoita rejista huwa anasoma historia ya pande zetu. Anaita Akinyi, Okoth, Opiyo, Chacha, Boke, Ochola. Sisi tunaitikia "Nipo, mwalimu!" na mambo yanaishia hapo. Nani kati yetu hujiuliza Okoth alinyeshewa lini, au Ochola alifiwa na nani?

Wahenga walinena kwamba jina jema hung'ara gizani. Mimi nakubaliana nao, lakini naongeza kidogo: jina hung'ara pale tu ambapo mwenyewe anajua maana yake. Siku hizi sote tuna majina matatu kwenye cheti cha kuzaliwa, na karatasi hiyo itayahifadhi vizuri sana. Maana yake, hata hivyo, haikuandikwa popote kwenye cheti. Maana imo vichwani mwa wazee wetu, na wazee wanatuacha mmoja mmoja. Ndiyo sababu nimeona niandike somo hili.

1. JINA LA SAA

Tuanze na lililo rahisi. Kwa Waluo, mtoto hupewa kwanza jina la wakati aliozaliwa. Kwa kawaida jina la mvulana huanza kwa O na la msichana kwa A. Tazama orodha hii:

Omondi, Amondi: alfajiri na mapema
Okinyi, Akinyi: asubuhi
Onyango, Anyango: jua la asubuhi linapopanda
Ochieng', Achieng': mchana, jua linapowaka (chieng' ni jua)
Odhiambo, Adhiambo: alasiri kuelekea jioni
Otieno, Atieno: usiku
Oduor, Aduor: usiku wa manane

Kwa hiyo kabla ya saa za ukutani kufika vijijini, mama aliweza kukuambia mwanawe alizaliwa wakati gani kwa kumwita tu aje kula.

Wanachama wa Kiswahili msidhani haya ni ya Waluo peke yao. Waswahili wana Chausiku, ambaye ukimleta Ndhiwa ataitwa Atieno. Wana Juma na Khamisi, waliozaliwa Ijumaa na Alhamisi. Wana Pili na Tatu, kwa mtoto wa pili na wa tatu. Na kule Tanzania kwa Wasukuma na Wanyamwezi, pacha wa kwanza ni Kulwa na wa pili ni Doto. Kwetu pacha wa kwanza ni Opiyo au Apiyo, kutokana na neno la haraka, kwa kuwa ndiye aliyewahi kutoka. Wa pili ni Odongo au Adongo, yaani aliyebaki nyuma. Mtoto anayewafuata pacha huitwa Okello au Akelo.

Majina haya ya pacha yanatuonyesha pia tulikotoka. Waacholi wa kaskazini mwa Uganda wanayo baadhi yake. Jenerali Tito Okello, aliyetawala Uganda kuanzia Julai 1985 hadi Januari 1986, alikuwa Mwacholi. Jina lake lingeitwa katika darasa lolote la Rongo na hakuna ambaye angegeuza shingo.

2. JINA LA HALI

Baada ya saa huja hali. Mtoto aliyezaliwa mvua ikinyesha ni Okoth au Akoth. Aliyezaliwa mbingu zikiwa na mawingu ni Oluoch au Aluoch. Wa wakati wa palizi ni Odoyo au Adoyo, na wa mavuno ni Okeyo au Akeyo. Aliyezaliwa njiani ni Oyoo, aliyezaliwa nje ni Ooko, na aliyetoka kifudifudi ni Ouma au Auma. Aliyezaliwa kitovu kikiwa kimemzunguka ni Owino au Awino.

Mengine ni mazito zaidi. Obonyo ni wa nzige. Okech ni wa njaa. Olweny ni wa vita. Ochola au Achola ni mtoto aliyezaliwa baba yake akiwa ameshafariki, wakati mama yake bado ni mjane mwenye matanga mapya. Sasa wewe ndugu unayemtania mwenzako kwamba jina lake ni "la kishamba", jiulize kwanza: unajua unacheka msiba wa nani?

Hapa inanibidi nijitaje. Mimi naitwa Awiti, kutokana na neno la Kiluo la kutupa. Katika shule ya msingi niliyosomea, wenzangu waliligeuza jina hili kuwa wimbo. "Awiti, nani alikutupa? Awiti, ulitupwa wapi?" Nilipokaribia kuandikishwa kwa mtihani, jamaa wengine nyumbani walishauri jina hilo liachwe nje, nibaki na la ubatizo na la baba, eti nisije nikaaibika nikifika chuo kikuu.

Nikamwendea nyanya. Alikuwa anapepeta mtama, hakuniangalia. Akaniambia, "Awiti ni mama yangu mzazi. Watoto watatu walimtangulia, wote wakafa wadogo. Alipozaliwa yeye, bibi yake alimchukua akamlaza kando ya njia kama kitu kisichotakiwa. Mama mmoja jirani, waliyekuwa wamepatana naye, akapita, akamwokota, akamrudisha nyumbani kama mtoto wa wenyewe. Kifo kikaja kutafuta mtoto wa boma lile, kisimwone. Akaishi. Akanizaa mimi. Mimi nikamzaa baba yako. Sasa sema, nani alitupwa hapo?"

Sikuwa na la kujibu. Siku hizi tunafunzwa kwamba watoto wale waliuawa na malaria na surua, na kwamba chandarua na chanjo hufanya kazi kuliko kulazwa njiani. Ni kweli tupu. Lakini mama aliyefiwa mara tatu, bila zahanati wala daktari, alikuwa na kitu kimoja tu mkononi mwake cha kupigania mtoto, nacho ni jina. Wenzake Awiti ni Obuya na Abuya, yaani wa magugu, na Ojwang' na Ajwang', yaani aliyeachwa. Yote ni majina ya kumficha mtoto kwa kumfanya aonekane hana thamani. Ukikutana na Ajwang', jua kwamba huenda hapo zamani kulikuwa na mtoto aliyependwa kupita kiasi.

Jina Awiti nimeliandika kwenye fomu ya mtihani. Herufi kubwa, kalamu nyeusi.

3. JINA LA WAHENGA

Mbali na saa na hali, lipo jina la tatu, ambalo Waluo huliita nying juok. Hili ni la marehemu wa ukoo anayerudi kukumbukwa kwa mtoto. Mara nyingi mzazi au jamaa humwota marehemu huyo. Wakati mwingine mtoto hulia bila kukoma, na watu hutaja majina ya wahenga moja baada ya jingine. Akinyamaza, jina limepatikana. Mimi nimesimuliwa kwamba nililia siku mbili, nikanyamaza kwa Awiti. Sikumbuki, lakini mashahidi wapo!

Jina la namna hii ndilo linalovuruga kanuni ya O na A, maana mtoto hurithi jina kama lilivyokuwa. Hivyo usimwandikie mtu "Bi." kwa sababu tu umeona A. Ramogi Achieng' Oneko, mmoja wa wale Kapenguria Sita waliokamatwa na wakoloni Oktoba 1952, alikuwa mwanamume kamili.

Aidha kuna lakabu, yaani jina la sifa. Kiluo kina utamaduni mkubwa wa kujisifu na kusifiana. Mganga mashuhuri wa Kanyamwa, katika Homa Bay, jina lake lilikuwa Gor, mwana wa Ogada. "Mahia" lilikuwa la sifa, maana yake ni maajabu. Klabu ya kandanda iliyoundwa mwaka 1968 ikalichukua jina lote. Leo maelfu hulipigia kelele uwanjani, na wengi hawajui kwamba wanamtaja mzee wa Ndhiwa. Katika fasihi tumefundishwa kuhusu majazi, pale mwandishi anapompa mhusika jina linalolingana na tabia yake. Basi tambueni kwamba majazi hayakuanzia kwenye riwaya.

4. JE, JINA LA UKOO LILITOKA WAPI?

Hapa ndipo penye utata, tafadhali tusome polepole.

Zamani Waluo hawakuwa na jina moja la ukoo la kubebwa na kila kizazi. Mtu aliitwa kwa jina lake, kisha akaunganishwa na babaye kwa neno wuod kama ni mwana, au nyar kama ni binti. Otieno wuod Okoth. Achieng' nyar Okoth. Ni sawasawa na Kiswahili cha pwani: Ali bin Juma, Asha binti Juma. Otieno huyo akizaa Ouma, mtoto ataitwa Ouma wuod Otieno. Okoth amesogea nyuma hatua moja. Kila kizazi kilisogeza mlolongo, na mtoto alitakiwa akariri mababu zake kwa mpangilio.

Mwanamke aliyeolewa hakupoteza kwao. Aliitwa kwa mahali alikotoka: Nyar Kadem, Nyar Kanyamwa. Akizaa, akawa min Otieno, yaani Mama Otieno. Kwa hivyo boma zima lilijua kila mke ametoka wapi.

Kisha zikaja karatasi. Mwaka 1906 Waadventista Wasabato walianzisha misheni Gendia, karibu na Kendu Bay, na madhehebu mengine yakafuata Nyanza Kusini. Ubatizo ulileta majina ya Biblia na ya Kizungu. Upande wa serikali, sheria ya mwaka 1915 ya kuandikisha wanaume Waafrika ilianza kutekelezwa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, na ndipo kikaja kipande cha kuvaliwa shingoni. Serikali, shule na waajiri walitaka jina la mwisho lisilobadilika. Jina la baba, au la babu, likagandishwa pale lilipokuwa siku ile.

Si wote waliokubali kila kitu. Jaramogi Oginga Odinga alikuwa amebatizwa Obadiah Adonijah. Alipopevuka aliyaacha majina hayo, akabaki na ya kwao.

Sasa tazama matokeo ya kugandisha. Mzee mmoja wa Kanyadhiang, karibu na Kendu Bay, aliitwa Obama. Mwanawe aliitwa Onyango, jina la saa, na aliposilimu akawa Hussein Onyango. Huyo akamzaa Barack, jina lenye asili ya Kiarabu, ndugu wa neno letu "baraka". Barack akaenda Marekani kusoma, akamzaa Barack wa pili, aliyekuwa rais wa nchi hiyo kuanzia 2009 hadi 2017. Kwa mtindo wa zamani rais yule angeitwa Barack wuod Barack wuod Onyango wuod Obama, na hilo la mwisho lingetajwa mwisho kabisa, na wazee. Karatasi ndizo zilizoliruka Onyango, zikalichukua la baba yake mzee. Ndiyo maana jina la mkulima mmoja wa Kendu Bay lilisomwa duniani kote kama jina la ukoo.

Mfano wa pili ni Tom Mboya wa Rusinga, waziri aliyeuawa Nairobi tarehe 5 Julai 1969. Jina lake kamili ni Thomas Joseph Odhiambo Mboya. Nani alikuwa baba yake? Wengi watajibu "Mzee Mboya." La hasha! Baba yake alikuwa Leonard Ndiege. Kwa hiyo jina la mwisho si lazima liwe la baba.

Na mfano wa tatu tunao humu darasani. Tuna wasichana wanaoandikwa Otieno na Ochieng' kwa sababu ni majina ya baba zao. Msichana anaweza kuwa amezaliwa saa sita mchana, jua likiwaka, na bado akaitwa "Wa Usiku" tena wa kiume! Karatasi haioni kichekesho hicho. Mwenye kujua maana ndiye anayeona.

5. KA, WA NA MPAKA

Majina ya mahali nayo ni majina ya watu. Kiambishi Ka- humaanisha kwa fulani. Karachuonyo ni kwa Rachuonyo. Ja- ni mtu wa, na Jo- ni watu wa. Jaluo ni Mluo mmoja, Joluo ni wengi. Hivyo tunaposema "Wajaluo" tumebandika viambishi viwili, cha Kiswahili juu ya cha Kiluo! Ndiyo sababu hapa nimeandika Waluo.

Sasa twende kisiwani Rusinga. Pana Kaswanga na Kamasengre, lakini pana pia Waware na Wanyama. Huo Wa- ni wa Kibantu, ndugu wa wa- yetu ya watu na watoto. Wasuba wa Rusinga, Mfangano, Gwassi na Kaksingri ni Wabantu, na masimulizi yao yanawatoa pande za Uganda ya leo. Kwa muda mrefu wameishi na kuoana na Waluo, lugha ya Kiluo ikatawala, na Kisuba kimekuwa miongoni mwa lugha zilizo hatarini kutoweka. Tom Mboya mwenyewe alikuwa Msuba mwenye jina Odhiambo. Kwa hivyo mwanachama wa kutoka Mbita anayejibu "mimi ni Ochieng', basi" huenda nyuma ya Ochieng' pana mhenga aliyeitwa kwa lugha nyingine, na nyanya yake ndiye wa mwisho anayelijua jina lile.

Huku Migori tuna ndugu zetu Wakuria. Chacha, Mwita, Marwa, Robi, Boke na Gati ni majina yanayorithiwa kutoka kwa wahenga, na utayasikia Kehancha sawa na utakavyoyasikia Tarime. Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani zilipatana juu ya mstari kutoka pwani hadi ziwani, na mstari huo ukapasua Wakuria vipande viwili. Majina hayakupasuka. Simama Isebania uite "Chacha!" utaona vichwa vikigeuka pande zote mbili za mpaka.

Funzo ni hili: usimpime mtu kabila, dini wala akili kwa jina la mwisho. Jina linaweza kuwa limegandishwa na karani, limerithiwa kwa ndoto, au limevuka ziwa kwa mtumbwi.

6. KULIANDIKA JINA SAWASAWA

Tunaojua Kiswahili hatuna kisingizio. Ng' ya Ochieng' ni ile ya ng'ombe, si ng ya ngoma. Dh ya Adhiambo ni ile ya dhahabu. Ukiandika "Adiambo" umemzaa mtu mwingine. Si mchezo, maana cheti cha kuzaliwa, cheti cha mtihani na kitambulisho visipolingana mtu husumbuka kutafuta hati ya kiapo. Na anayetaka kubadili jina kabisa hutakiwa kuwa na hati ya kubadili jina, inayotangazwa katika Gazeti Rasmi la Kenya. Kagueni fomu zenu kabla ya kutia sahihi.

Tukumbuke pia kwamba jina ni haki. Kifungu cha 53 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtoto haki ya jina na uraia tangu kuzaliwa. Mei 2016 Mahakama Kuu iliamua kwamba kifungu cha 12 cha Sheria ya Kuandikisha Vizazi na Vifo kilikiuka Katiba, kwa kuwa kilizuia jina la baba wa mtoto wa nje ya ndoa kuandikwa ikiwa baba huyo hakukubali. Kwa hiyo mwenzetu ambaye nafasi ya baba kwenye cheti chake iliachwa wazi asidharauliwe. Sheria yenyewe imeshamtetea.

7. ZOEZI

Likizo hii, kaa na mzee wako umuulize haya, uandike majibu daftarini:

(a) Nilizaliwa wakati gani, mahali gani, na kukiwa na nini?
(b) Ni nani aliyelibeba jina langu kabla yangu, na aliishi vipi?
(c) Je, jina langu la mwisho ni la baba, la babu, au la nani?
(d) Nitajie mababu wangu saba kwa mpangilio.
(e) Nyanya zangu walitoka wapi, na waliitwaje kabla ya kuolewa?

Swali la (e) msiliruke, hasa nyinyi wavulana. Majina ya akina mama ndiyo yanayopotea haraka zaidi, kwa kuwa hayamo kwenye safu ya jina la ukoo.

Mwacha mila ni mtumwa, na kuuliza si ujinga. Majibu yaleteni kwenye mkutano wa kwanza wa muhula. Katibu atakuwa na kitabu kipya chenye kurasa za kutosha kila mwanachama.